Marejesho Mia Tatu

Jumatatu, 3 Machi

Leo nimetimiza miaka arobaini na mitano. Leo pia ni miaka mitatu kamili tangu nikabidhiwe funguo za nyumba. Nyumba yangu! Vyumba vitatu, baraza, choo cha ndani. Simlipi mtu kodi.

Mchana nimetoroka dukani nikapita benki kuchukua karatasi ya deni. Nia yangu ilikuwa safi. Niiache mezani sebuleni, kama nimeisahau, shemeji akija aone deni linavyokwisha. Huyu ni kaka wa mke wangu, fundi bomba, anakaa nyumba ya nne kutoka kwetu. Amejenga kwa miaka kumi na moja, chumba baada ya chumba, bila kukopa hata mfuko wa saruji. Mimi namwita Bwana Taslimu, maana neno hilo halimtoki mdomoni.

Karatasi imetoka. Nilikopa milioni sitini. Nimelipa marejesho thelathini na sita, jumla milioni ishirini na nne na zaidi. Deni lililobaki: milioni hamsini na nane na laki nane na ushee.

Nikamwambia afisa mikopo kwamba mashine yao inaumwa. Afisa huyu anatabasamu hata akikuambia umefiwa. Akanijibu kwamba mashine ni nzima, ila miaka ya mwanzo rejesho karibu lote huliwa na riba, deni lenyewe linaguswa kidogo tu. Kidogo! Milioni moja na laki moja na ushee kwa miaka mitatu! Kwa hesabu yangu, mpaka sasa nimenunua choo. Kwingine kote mimi ni mgeni.

Karatasi nimeificha mfuko wa shati. Mama Watoto asijue kwanza.

Jumanne, 4 Machi

Mama Watoto amejua. Hafui shati bila kukagua mifuko. Ni muuguzi, ana macho ya kusoma vipimo. Kaikunja karatasi akaiweka kwenye mkoba wake.

Kazini siku njema. Nauza samani za kulipia kidogo kidogo. Leo kaja mwalimu mmoja, kaona kabati la milango mitatu, kaona bei, akataka kukimbia. Nikamshika mkono nikamwambia asiangalie jumla, aangalie kwa mwezi. Akatulia. Akasaini miezi kumi na minane. Meneja akanipigia makofi. Maneno yale ni yangu mwenyewe, nimeyatumia miaka kumi na moja na hayajawahi kuniangusha.

Nilipopata nafasi nikaandika barua benki. Mpango mzuri, sijui kwa nini hakuna aliyewahi kuufikiria. Nimewaomba nianze kulipa deni lenyewe, likiisha ndipo nianze riba, nikishapumua. Nimetumia karatasi yenye nembo ya duka na nimegonga muhuri mara mbili.

Saa kumi afisa kanipigia simu. Alikuwa anacheka mpaka anakohoa. Anasema ameisoma kwa sauti, kaunta nzima imeisikia, na mlinzi ameomba arudiwe kipande cha kupumua. Sioni cha kuchekesha.

Jumatano, 5 Machi

Jioni Mama Watoto kaniketisha. Karatasi mezani, kikokotoo mkononi, miguu yake kwenye beseni la maji ya moto kwa sababu alisimama wodini tangu asubuhi. Akaniuliza kama niliwahi kujumlisha. Nikamwambia hiyo ni kazi ya benki.

Akajumlisha yeye. Laki sita na elfu sabini na sita na mia saba kila mwezi, mara mia tatu. Milioni mia mbili na tatu! Haki ya nani, tumenunua nyumba tatu na tunakaa kwenye moja. Nikauliza zile mbili ziko wapi. Hakucheka.

Kisha akatoa bomu. Ana milioni sita! Zamu za ziada za miaka miwili, kaziweka kwenye akaunti ambayo mimi mume wake sikuwa na habari nayo. Roho iliniuma. Nikamuuliza kwa nini alinificha. Akanikumbusha ule mradi wangu wa mapazia yanayojifunga yenyewe. Nikabadilisha mazungumzo.

Anasema hizo sita zikiingia sasa na kupunguza deni lenyewe, marejesho tisini yanafutika. Tisini! Miaka saba na nusu! Badala ya kumaliza nikiwa na miaka sitini na saba, namaliza nikiwa na hamsini na tisa na nusu, kabla sijastaafu. Nilimfanya akokotoe mara tatu. Jibu lile lile.

Kesho na keshokutwa ana zamu mbili mbili, na mkopo uko kwa jina langu, kwa hiyo Ijumaa nitakwenda mimi. Hela amekwishanihamishia. Lakini lazima nipeleke na barua inayosema hela ipunguze deni. Bila barua benki inazishika kama marejesho ya miezi ijayo na hatupati kitu. Ameniambia mara tatu. Barua kaiandika mwenyewe, mimi nimesaini tu.

Akainua miguu kwenye maji akaifuta. Imevimba vifundoni. Nilimhurumia kweli. Nimeapa kimoyomoyo kwamba safari hii sitaharibu.

Alhamisi, 6 Machi

Bwana Taslimu kaweka geti jipya.

Jeusi, la chuma, lina tai wa rangi ya dhahabu kila upande. Alikuwa amesimama mbele yake anafuta vumbi lisilokuwepo. Nilitaka kupita kwa upande wa pili wa barabara, akaniita. Laki tisa, akasema, taslimu. Akasema tena. Mara ya nne nilikuwa nimeacha kusikiliza. Kisha akaniuliza, kwa upole wa kinafiki, kama ule mlango wetu wa bati bado unapiga kelele upepo ukivuma.

Unapiga. Mtaa mzima unajua.

Chakula cha jioni nimekiacha sahanini. Mama Watoto yuko zamu, hakuna wa kumwambia. Mtu ana mkopo wa milioni sitini halafu analala nyuma ya bati! Ni aibu hata kwa benki.

Ijumaa, 7 Machi

Siku ya mafanikio makubwa. Niandike kwa mpangilio.

Kwanza, nikiwa njiani kwenda benki nimepita kwa fundi wa kuchomelea. Kuuliza bei tu. Karakana yake haiko njiani hasa, lakini siyo mbali na njia.

Pili, benki. Afisa akasoma barua ya Mama Watoto, akatabasamu, akaniuliza kwa nini najitesa. Mtu mwenye hadhi yangu akamue akiba yote amwagie benki? Akasema kuna njia laini zaidi. Turefushe mkopo, tuanze upya miaka thelathini, na kila mwezi nitalipa pungufu elfu ishirini na sita. Nikaanza kuuliza kuhusu jumla. Akanishika mkono, akaniambia nisiangalie jumla, niangalie kwa mwezi.

Maneno yangu! Yale yale! Mwili ulinisisimka. Miaka kumi na moja nayasema, sikuwahi kujua yanaingia kwa utamu namna hii. Sasa namwelewa yule mwalimu wa kabati.

Nimechukua fomu. Inataka sahihi ya mke, kwa hiyo nimeileta nyumbani. Barua ya Mama Watoto nimerudi nayo vilevile, kwa kuwa haihitajiki tena.

Tatu, nikapita tena kwa fundi. Geti lenye simba wawili, milioni moja. Simba anamzidi tai, hilo halina ubishi. Fundi anasema anayo fremu iliyokataliwa na mteja mwingine, atalifunga kesho. Nimelipa. Taslimu! Zimebaki tano, na nikianza kuokoa elfu ishirini na sita kila mwezi, hiyo moja itarudi yenyewe.

Jumamosi, 8 Machi

Geti limefika. Limefungwa saa nane mchana, majirani wakishuhudia. Simba wa kushoto ametoka vizuri sana. Wa kulia uso umempinda kidogo, anafanana na Meneja akiambiwa mauzo yameshuka.

Mama Watoto kateremka kwenye gari la hospitali akalipita geti. Akaenda mpaka nyumba ya mbele, akasimama, akarudi. Alidhani kapotea. Aliniuliza geti la nani. Nikamwambia apumzike kwanza, kesho nina habari njema mbili. Alikuwa amechoka mno hata kugomba. Kalala na soksi.

Bwana Taslimu naye kaja kuona. Alilizunguka mara mbili. Nikajua nimempata. Halafu akauliza hawa ni mbwa wa aina gani.

Jumapili, 9 Machi

Baada ya chai nikatoa fomu na kalamu, nikaeleza habari ya miaka thelathini. Nilieleza vizuri, kama dukani. Nilimwambia hata lile neno la kwa mwezi.

Mama Watoto alisoma mbele, akageuza akasoma nyuma, akasoma hata yale maandishi madogo ya chini yaliyowekwa yasisomwe. Kisha kikokotoo. Nakichukia kikokotoo kile.

Akaniambia nitamaliza nikiwa na miaka sabini na mitano. Akaniambia milioni mia mbili na tatu zitakuwa mia mbili hamsini na nane. Ili tupunguze elfu ishirini na sita kwa mwezi, tunaongeza milioni hamsini na tano. Aliuliza miaka sabini na mitano nitakuwa nauza makabati kwa nani. Nikamwambia wazee nao wana nguo.

Hakupiga kelele. Bora angepiga. Akauliza milioni sita ziko wapi. Nikasema zipo. Akauliza zote. Nikasema karibu zote. Akageuka taratibu akalitazama geti dirishani. Fomu kaichana vipande vinne, akavitia kwenye mkoba badala ya pipa. Sijui kwa nini, labda hakuniamini na pipa.

Jumatatu, 10 Machi

Alitakiwa alale, leo ni siku yake ya mapumziko baada ya zamu zile mbili mbili. Badala yake tumekwenda benki pamoja saa mbili na nusu. Mimi nimeambiwa nikae kwenye benchi. Nimekaa.

Afisa alianza kutabasamu. Mama Watoto akampa barua, akamwomba agonge muhuri kwenye nakala, akamwomba achape jedwali jipya la marejesho na kuligonga muhuri, yeye akiwa amesimama hapo hapo. Yule bwana tabasamu lilimwisha. Sikujua ana sura nyingine. Nikaitwa kusaini, nikasaini, nikarudishwa kwenye benchi.

Tano zimeingia. Nitamaliza nikiwa na miaka sitini na miezi minne.

Tulipotoka nje kanionyesha jedwali, marejesho kumi ya mwisho na jumla yake kayazungushia kalamu. Anasema kama ile milioni ya sita ingekuwepo, tungemaliza miezi kumi mapema. Marejesho kumi, milioni sita na laki saba na kitu. Kwa hiyo lile geti halikugharimu milioni moja. Limegharimu milioni sita na laki saba, na bado kutu haijahesabiwa.

Halafu akasema kitu kingine, kwa sauti ndogo, siyo ya ugomvi. Kwamba alikuwa ameipanga ile miezi kumi. Alitaka ailale. Asiwe na zamu ya ziada hata moja, aamke jua limeshapanda.

Nilimshika mkono, tukatembea hivyo mpaka kituoni, akaniachia kwa kuwa mkono wangu ulikuwa unatoka jasho. Sijawahi kujisikia mdogo kiasi kile. Nimeamua kuanzia leo kila kitu nitauliza jumla yake kwanza.

Jumanne, 11 Machi

Nimeamka na akili mpya.

Asubuhi fundi wa kuchomelea kapita kuona kazi yake. Anasema simba wakipakwa dhahabu watakaa sawa, na yule wa kulia hatatambulika. Elfu sitini kwa mwezi, miezi sita tu. Elfu sitini! Hata sikuuliza jumla, haina haja kwa kitu kidogo hivyo. Anaanza kesho.

Mama Watoto kaenda zamu. Kachukua ya ziada pia.

Dukani nilikuwa nawaza tu. Nimeirudia hesabu yake ya jana nyuma ya kitabu cha risiti, nikaikuta ni sahihi, na ghafla nikaona kitu ambacho yeye kwa uchovu wake hakukiona. Laki tisa! Geti la Bwana Taslimu ni laki tisa, kalisema mwenyewe mara nne. Langu ni milioni sita na laki saba! Na hilo siyo la kupiga chuku, liko kwenye jedwali la benki, lina muhuri. Hakuna geti linaloligusa mtaani kwetu. Huenda hata mjini halipo.

Jedwali ninalo, nililitoa kwenye mkoba wake asubuhi kabla hajaondoka, ili nihakiki hesabu. Nimepiga mstari chini ya tarakimu kwa kalamu nyekundu. Shemeji hurudi kazini saa kumi na moja, nami nitakuwa nimesimama pale kwenye tai wake namsubiri.