Kibao Changu cha Mbwa Mkali Kirudishwe

Mheshimiwa Mkuu wa Kituo cha Polisi,

Pokea salamu za mtu ambaye mtaa huu ukilala usingizi, unalala kwa ruhusa yake. Wewe una bunduki na gari. Mimi nilikuwa na kibao tu getini, MBWA MKALI, na wezi walikuwa wakikisoma mara mbili kisha wanavuka barabara. Kibao hicho kimeibwa. Nalalamika hivi:

1. Mwizi ameking'oa pamoja na misumari, akaacha beseni jipya la mke wangu hapo hapo chini. Mwizi wa aina gani huyo? Hana hata adabu ya kazi.

2. Askari wako wa kaunta, badala ya kuandika, aliniuliza mbwa alikuwa wapi kibao kikiibwa. Nikamweleza kwa upole kwamba mbwa yule ni wa kushika watu, hashughulikii mbao. Mtaa mzima unamsikia akibweka kila alfajiri. Aliwahi kufukuza lori la mchanga likarudi kinyumenyume mpaka lilikotoka! Askari akacheka hadi kofia ikamdondoka.

3. Kibao sasa kiko getini kwa jirani yangu, fundi cherehani, mwenye paka mmoja asiye na meno. Nilipomfuata, akanijibu mbele ya wateja kwamba mbwa wangu akikitaka aje mwenyewe akidai. Tangu hapo wezi wanapita kwake kwa heshima, wanaingia kwangu: ndala, mpira wa kumwagilia maua, na jana kizulia cha mlangoni kilichoandikwa KARIBU. Mke wangu anaanika nguo sebuleni.

4. Kwa hiyo naomba kibao kirudishwe kwa gari lenye king'ora, na fundi ashtakiwe kwa kutisha umma kwa mbwa asiyekuwepo. Huo ni utapeli mtupu! Leo mbwa, kesho atabandika HATARI UMEME kwenye banda la kuku. Apewe kifungo, hata kama ni kidogo.

Nisalimie askari wote, pamoja na yule wa kofia, na shemeji yangu huko nyumbani kwako.

Ni mimi, mwenzako katika ulinzi,
Mjomba Jemadari
(cheo nilipewa na wapwa zangu)

Tanbihi: Nasikia unamtuma daktari wa mifugo Alhamisi amchanje mbwa wangu kabla shauri halijasikilizwa. Tafadhali mzuie. Mbwa sina. Anayebweka ni mimi. Kubweka naweza, Mkuu, sindano siwezi.