Mbuzi wa Mapatano

Leo nimeumbuka. Hata ugali wa jioni umenishinda.

Mnaijua kesi yangu na jirani yangu Mutua, ile ya mpaka. Kipande anachodai ndicho chenye kisima changu, na bila kisima hicho ng'ombe wangu hawafikii mvua ijayo. Hakimu wa Kitui alichoka na kelele zetu: nendeni kwa wazee, mpatane, mniletee makubaliano Ijumaa. Mkishindwa, nitaamua mwenyewe. Tangu siku hiyo silali vizuri.

Kwetu hakuna mapatano bila nyama. Mimi ndiye niliyeshtakiwa, basi mbuzi anatoka kwangu. Nikaamka alfajiri, nikaingia zizini gizani nikipapasa migongo. Nikampata mmoja mnono ajabu. (Nikajipongeza kwa ufugaji. Kiangazi hiki chote mbuzi wangu ni mbavu tupu! Mtu mwenye akili angejiuliza.) Nikamchinja kabla wageni hawajafika.

Wazee wakaja na naibu wa chifu. Tukatembea kwenye makonge ya mpaka, tukabishana, jasho likanitoka. Mwishowe wakasema: mpaka ubaki kwenye makonge ya zamani, kisima kiwe changu, lakini Mutua naye achote maji. Mutua akageuka kunusa harufu ya nyama. Kisha akasema, "Sawa. Tule kwanza, halafu tuweke vidole kwa karatasi."

Tukala. Mutua alikula jamani! Akalamba vidole. "Jirani, mtu wa kunichinjia mbuzi kama hii hawezi kuwa adui yangu." Wazee wakacheka. Mimi nikaanza kupumua.

Hapo akaingia mkewe, Mama Mwende.

"Baba Mwende, ile mbuzi yangu nanenepesha haijarudi tangu jana. Hamjaiona?"

Nikakumbuka. Jana jioni mbuzi wetu walichanganyika malishoni. Nikageuka polepole kutazama karai, ambamo kichwa cha mbuzi kilikuwa kinangoja kutengenezwa supu. Mama Mwende alikuwa ameshakiona. Akainama, akashika sikio. Kila boma hapa hukata masikio ya mbuzi wake kwa alama yake, na alama ile haikuwa yangu.

"Aiya! Si ndiyo hii!"

Mutua akaacha kutafuna. Akautazama mfupa mkononi, kisha akanitazama mimi. "Baba Kioko. Shamba unataka. Kisima unataka. Na mbuzi pia?"

"Haki ya Mungu, Mutua, ilikuwa giza!"

Naibu wa chifu akaikunja karatasi, ambayo ilikuwa haijawekwa kidole hata kimoja. (Mzee mmoja aliendelea kula. Nilimwona.) Niliogopa kweli kweli. Kisima kilikuwa kinaniponyoka hivi hivi, kwa sababu ya mbuzi!

Mutua akauweka mfupa chini polepole; nikatamani anipige yaishe. Mara mabega yakaanza kumtikisika. Alikuwa anacheka.

"Mwizi hawezi kuniita nile mbuzi yangu mwenyewe," akasema. "Huyu ni mjinga tu. Naibu, andika atanilipa mbuzi mbili. Na uandike ni kwa nini."

Yakaandikwa yote. Nikaweka kidole haraka kabla hajabadili nia, naye akaweka chake.

Kisima ni changu, namshukuru Mungu. Lakini Ijumaa makubaliano hayo yatasomwa kwa sauti mbele ya korti nzima, neno kwa neno. Ndugu zangu, mwenye shughuli Kitui siku hiyo, nakuomba, ipeleke Jumatatu.