Marimi Hajafika Ofisini

Kwa mara ya kwanza tangu dunia iumbwe, Mwanza ilipata Kitengo cha Usahihi wa Majina ya Wenye Ardhi. Kilizinduliwa mwaka 1993 kwa soda na karanga, na mkuu wake alikuwa Bwana Venant Masalu, mtu aliyeamini kwa moyo wote kwamba taifa linadidimia kwa sababu ya herufi.

Sababu ya kuamini hivyo alikuwa nayo. Alipopelekwa kozi Dar es Salaam alitamka "balabala" darasani, akachekwa mpaka siku ya vyeti. Alirudi nyumbani hana L hata moja mdomoni. Kila ilipotakiwa L aliweka R, akajiona msomi.

Waraka Namba Moja wa Kitengo ulikuwa mfupi. Jina litaandikwa kama mwenyewe alivyolitamka na kusomwa kama lilivyoandikwa. Likipishana herufi na la anayedai, basi mwenye kiwanja hayupo, na kiwanja atapewa mwombaji wa kwanza. Mwombaji wa kwanza alikuwa Bwana Masalu, kwa kuwa waraka aliuandika yeye.

Kiwanja alichokiomba kilikuwa Mkolani, kando ya barabara kuu, mahali ambapo mwekezaji fulani alipatamani kwa kituo cha mafuta. Kwa bahati mbaya palikuwa na nyumba ya Mama Paskazia, mjane wa Yakobo Malimi, pamoja na uzio wake wa minyaa na kaburi la Yakobo. Kwenye rejista, karani wa zamani alikuwa ameandika "Yakobo Marimi".

Mama Paskazia aliitwa ofisini. Bwana Masalu hakumwamkia.

"Marahaba," alijibu mama hivyo hivyo, akaketi.

"Mama, rejista inasema kiwanja ni cha Marimi. Marehemu wako ni Marimi. Sasa, Marimi siyo Marimi."

Selina, mpiga chapa, aliinua macho kutazama bosi anaelekeza kidole kwenye karatasi ipi.

"Baba, ni huyo huyo. Karani alikosea tu. Watoto nimezalia pale, na mwenyewe amelala pale nyuma ya jiko."

"Areyezikwa ni mumeo. Mwenye kiwanja hajafa."

"Yuko wapi sasa?"

"Hajazariwa. Ndiyo maana tunamtafuta."

Na kweli alitafutwa. Tangazo lilibandikwa ubaoni likimtaka Bwana Marimi afike na vielelezo vyake. Muda ukapita, Marimi hakufika wala hakuomba radhi, na Kitengo kikaandika kwamba ameidharau serikali. Majirani walikuja kumtolea mjane ushahidi. Waliambiwa kaburi halina namba ya hati na minyaa haijasajiliwa. Mama Paskazia akaamriwa avunje nyumba kwa mikono yake, kwa kuwa alijenga bila idhini ya mtu asiyekuwepo. Ubaya wa namna hii ukiusimulia unaonekana mwongo, lakini ulikuwa na mhuri.

Ikabaki hati mpya. Bwana Masalu alisimama dirishani, mikono nyuma, akamtamkia Selina maneno ya kuandika.

"Mmiriki: Venant Masaru."

Selina alisimamisha vidole. "Masaru, bosi?"

"Andika kama nirivyotamka! Waraka unasemaje?"

Waraka ulisema hivyo hivyo. Selina akaandika.

Siku ya makabidhiano mtaa mzima ulijaa Mkolani. Greda lilinguruma mbele ya minyaa. Mama Paskazia alikaa kwenye kaburi la mumewe, amejifunga kanga kiunoni, akasema wakitaka wamchimbe pamoja naye. Kutoka makao makuu alikuja mkaguzi, Mzee Zadok Owiti, ambaye alikuwa ameusoma Waraka Namba Moja njiani na kuupenda mno. Aliipokea hati, akavaa miwani.

"Masaru ni nani?"

"Ni mimi, mzee."

"Kitambulisho."

Mzee Owiti alikisoma, akaisoma hati, akakirudia kitambulisho. "Hapa ni Masalu. Kwa hiyo Masaru hajafika. Tumbandikie tangazo?"

Watu walianza kukohoa, wengine wakageukia minyaa kuficha kicheko.

"Na huo ukuu wa Kitengo," aliendelea mkaguzi, "aliteuliwa nani kati yenu?"

Jasho lilimtoka Bwana Masalu. "Mzee, hayo ni matamshi tu! Hizo herufi mbiri kwetu huku ni kitu kimoja! Kira mtu anajua!"

"Hata mimi nilisema hivyo," alisema Mama Paskazia kutoka kaburini.

Mkaguzi aliandika pale pale: kwa kauli ya mkuu wa Kitengo, herufi hizo mbili ni kitu kimoja, Marimi ni Malimi, na kiwanja ni cha mjane wake. Akamkabidhi Bwana Masalu uamuzi huo ausome mbele ya wananchi.

"Marimi," alisoma Bwana Masalu, "ni Marimi."

Makofi yalipigwa. Mama Paskazia akainuka, akajikung'uta vumbi.

"Sijaridhika. Wewe ni mtoto wa Ngosha wa Kisesa, baba yako namfahamu. Lisome jina la mume wangu lilivyoandikwa."

"Ndivyo waraka unavyosema," alikubali mkaguzi.

Bwana Masalu alilitazama greda, akautazama umati, mwisho akaitazama karatasi.

"Ma... limi."

"Tena."

"Malimi. Yakobo Malimi." Akaishusha karatasi. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

Alimgeukia dereva wa greda kwa ukali wote uliombakia.

"Ondoa gali! Umeziba balabala!"