Nguzo Nne na Kivuli cha Mama Mkwe

Jumatatu, 3 Februari

Mama Mkwe alizimia Jumamosi. Si sana. Kichwa juu ya cherehani, mguu bado unakanyaga. Muuguzi anasema ni joto: ashone kivulini au aache kushona. Aache! Ana sare arobaini za shule za kumaliza kabla ya tarehe kumi na tisa, na ameshatoa neno lake.

Joto lenyewe tunajua lilikotoka. Nyumba ya Mama aliichora bosi wangu, msanifu majengo, miaka kumi na miwili iliyopita. Ofisini tunamwita Mzee Mraba, akiwa hayupo. Sanduku jeupe. Paa bapa la zege, kuta tupu, kioo kizima upande wa jua la alasiri. Huo ndio usasa wake: kila kitu kiwe na kazi, kisicho na kazi kitupwe. Kazi ya nyumba ile ni kuoka watu.

Leo Mama ameniita. Akaniomba kwa upole, macho chini, maana mimi ni mkwe. Kibaraza tu, mwanangu, cha kukaa na cherehani yangu.

Miaka kumi na mmoja nachora mistari iliyonyooka ya mtu mwingine! Sasa zamu yangu. Mwezi uliopita nilichomoa jarida kuukuu chini ya mguu wa friji ya ofisi (friji inayumba tangu siku hiyo, shauri yao). Linasema kuna wasanifu waliochoshwa na masanduku. Wakataka jengo liseme na watu, likumbuke ya kale, lichekeshe kidogo. Wakarudisha matao, rangi, nguzo, hata nguzo zisizobeba kitu, kwa mzaha tu. Wakauita usanifu wa baada ya usasa. Nilisoma nimesimama, chai ikapoa.

Na chama cha wasanifu kina shindano la nyumba kuukuu zilizopewa sura mpya. Majaji wanapita tarehe kumi na tano. Haki ya nani, hii ni bahati yangu.

Jumanne, 4 Februari

Nimempima Mzee Mraba. Nikamuuliza, kama mtu asiye na nia yoyote, anaonaje nguzo isiyobeba kitu. Akaweka kikombe chini. Akasema nguzo ya namna hiyo ni kama mfanyakazi anayekuja kazini ili aonekane. Wakati huo nilikuwa na penseli mkononi na karatasi tupu mbele yangu tangu asubuhi. Sikupenda alivyonitazama.

Akaendelea kwamba pambo ni uongo, na uongo hauna nafasi kwenye zege. Nikaitikia ndiyo mzee, ndiyo mzee. Alipotoka nikamchorea masharubu kwenye ukingo wa ramani. Kisha nikayafuta. Nina watoto wa kulisha.

Alhamisi, 6 Februari

Nimekula njama, na ni njama safi. Shemeji yangu, mdogo wake mke wangu, ni fundi mwashi. Nimemwambia mchoro huu ndio alioutaka Mama. Mama nimemwambia ndio uliopendekezwa na fundi. Kwa heshima, hakuna aliyemuuliza mwenzake.

Mchoro wenyewe, salale! Uso mzima mbele ya lile sanduku. Nguzo nne nene: ya waridi, ya kijani, ya manjano, ya buluu. Juu yake pembetatu kubwa iliyopasuka katikati makusudi. Mlango wenye umbo la tundu la ufunguo.

Shemeji akaugeuza mchoro, akaugeuza tena. Akauliza kivuli kiko wapi. Nikamweleza kwamba uso huu unazungumza. Akauliza unasema nini. Nikamwambia unakumbuka na unacheka. Akakuna kichwa, akauliza ukishamaliza kucheka, kivuli kiko wapi. Watu wa chokaa ni wagumu!

Tumekubaliana nguzo tatu ziwe za mbao nyembamba zilizopakwa lipu, tupu ndani, na moja ya zege ibebe pembetatu. Ile ya zege ameitia alama ya chaki.

Jumatatu, 10 Februari

Uso umekamilika! Nimepaka rangi kwa mkono wangu mwenyewe, mara tatu kila nguzo. Chaki imekwenda na rangi. Si kitu, nina kumbukumbu nzuri.

Mama aliusifu. Alisema una rangi nyingi. Kisha akatoa kiti na cherehani, akatafuta pa kukaa. Uso wangu una unene wa shubiri moja na nusu. Kivuli cha nguzo kinamtosha mtu mmoja akibana mabega, nacho kinahama. Basi Mama akawa anahama nacho. Anashona mfuko mmoja wa shati, anainuka, anavuta cherehani, anavuta kiti, anakaa, anashona kola. Mchana mzima akizunguka nguzo ya kijani. Wapita njia walidhani ni ibada.

Sare kumi na nne tu zimekamilika. Mke wangu ameniambia mama yake ana miaka sitini na saba, na kwamba yeye mwenyewe leo hataki kusikia habari za matao. Nikamfahamisha kuwa sanaa ina wakati wake wa kueleweka. Amehamia chumba cha watoto.

Ijumaa, 14 Februari

Mama kichwa kinamuuma tangu juzi. Haniambii mimi, nimesikia akimwambia mke wangu. Nikipita ananipokea kwa tabasamu na kusema nyumba inapendeza. Afadhali angenitukana.

Nimejiahidi nitamtafutia mwavuli. Baada ya majaji.

Jumamosi, 15 Februari

Majaji watatu wameshuka garini. Wa kwanza kushuka, Mzee Mraba. Yeye ndiye mwenyekiti! Hakuniambia.

Mwanzoni mambo yalininyookea. Jaji mmoja, mama mmoja mwenye miwani, alipita kwenye tundu la ufunguo akacheka mpaka akashika ukuta. Alisema miaka yote anakagua majengo yaliyonuna, hili ndilo la kwanza kumsalimia. Kichwa kikanivimba, nakiri.

Mzee Mraba hakucheka. Akaenda akigonga nguzo kwa kalamu. Akauliza ipi inabeba. Ningesema moja, yangekwisha. Lakini yule mama alikuwa bado anatabasamu, nami nikataka atabasamu zaidi. Nikasema hakuna inayobeba, mzee, zote ni mzaha. Akasema basi ondoa moja. Nikasema kwa furaha. Nikakamata nguzo ya buluu kwa mikono miwili nikaing'oa, nyepesi kabisa. Majirani waliokuja kutazama wakapiga makofi! Nikainama kama msanii. Nikasema na ya manjano pia. Hiyo ilikuwa nzito. Nilipaswa kutambua hapo kwamba ndiyo ya zege. Nikaita majirani wawili wenye nguvu, tukasukuma.

Shemeji alikuja akikimbia huku akipiga kelele. Nilidhani ananishangilia.

Pembetatu ilishuka. Lo! Sijawahi kusikia mlio ule. Vumbi likatanda, tukatawanyika kila mtu na njia yake. Lilipotulia, kiti cha Mama kilikuwa vipande vipande, kwenye nguzo ya kijani, pale pale anapokaa.

Nikakaa chini kwenye vifusi nikamwita Mama, Mama. Akatokea mlangoni na trei ya maji. Alikuwa ameingia ndani kuwatilia wageni maji. Nililia mbele ya watu wote, mtu mzima na suruali ya suti.

Mzee Mraba alikitazama kile kiti. Kisha akamuuliza Mama huwa anakaa wapi akishona. Mama akajibu kwa adabu kwamba tangu nyumba ichorwe, hilo ndilo swali lake la kwanza kuulizwa. Mzee akatazama kioo chake cha alasiri. Akavua koti.

Jumapili, 16 Februari

Shemeji amejenga kibaraza kwa siku moja. Miti minne, paa la mabati lenye dari ya mbao, sakafu ya matofali. Mzee Mraba alichimba mashimo akiwa na shati jeupe, na yote mawili aliyochimba yako upande. Mimi nilikoroga zege, sikuruhusiwa zaidi ya hapo.

Saa tisa alasiri Mama aliketi kivulini na cherehani yake. Alishona saa mbili bila kuinuka. Mke wangu akaniletea maji na kunipa pole, neno la kwanza tangu Jumatatu. Nilifurahi kuliko kama ningeshinda mashindano kumi.

Nimejifunza, na naandika ili nisisahau: muulize mwenye nyumba kwanza, chora baadaye. Mzee Mraba hakumuuliza, mimi sikumuuliza. Yeye na zege lake, mimi na rangi zangu, wote wawili tulimwacha juani.

Jumatano, 19 Februari

Sare arobaini, zimekwenda zote! Shindano kashinda mtu mwenye banda la kuku. Nimepokea kwa moyo mkunjufu.

Kwa kuwa mimi ni mtu niliyebadilika, leo nilimfuata Mama kibarazani nikamuuliza: Mama, unahitaji nini? Alishtuka, kisha akafurahi. Akasema rafu moja ya kuwekea nyuzi, ubao mmoja, misumari miwili. Nikamuuliza aina gani. Akasema utakavyoona wewe, mwanangu.

Nitakavyoona mimi!

Nimeanza kuchora. Minara miwili pembeni, tao katikati, vinguzo sita vya rangi ya dhahabu, na juu kuba dogo la kupendeza. Kwa vipimo vya sasa, nafasi ya nyuzi haikupatikana. Zitakaa sakafuni.