DVD ya Baba Mkwe na Kiherehere Changu

Jamani, leo nimeadhirika ukweni. Ukweni kabisa, Ilongero, mchana kweupe.

Baba mkwe alituita tule chakula cha mchana, halafu wajukuu waoneshwe filamu. Ameiagiza Dar, imekuja kwa basi: DVD! Orijino, kwenye kasha linalong'aa, nailoni bado haijatolewa. (Mwaka huu! Mimi nilidhani deki za DVD zimebaki za kuwekea vyungu vya maua juu.)

Filamu yenyewe ni ile katuni ya punda mwimbaji tuliyoitazama utotoni. Sasa wameirudia, wakaweka punda mwenye manyoya ya kweli. Uso haucheki, haulii. Anaimba kama ametoka kung'olewa jino. Kwenye kasha wameandika "Toleo Maalumu". Umaalumu gani? Wameuza kitu kilekile mara mbili, na baba mkwe kakipokea kwa mikono miwili.

Nikatoa shikamoo zangu vizuri, nikala vizuri. Kisha mdomo ukaniwasha.

"Baba, siku hizi hakuna anayenunua hivi visahani. Kila kitu kiko mtandaoni. Ngoja niwaoneshe."

"Mtandao wa hapa unasumbua, mama," akasema taratibu, huku akiifuta DVD yake kwa kitambaa cha miwani.

"Wa kwangu hausumbui." (Mnanisikia lakini?)

Nikaunganisha simu na televisheni yao kubwa. Punda akatokea! Nikamtupia mume wangu, Elisha, jicho la ushindi. Punda akafungua mdomo aimbe, meseji ikashuka juu ya skrini, herufi kubwa kama za bango la mkutano wa injili. Ilitoka kwa mdogo wangu, Neema:

"Dada, huyo Mzee Makumbusho ameshatoa visahani vyake?"

Vichwa vyote vikageukia skrini.

Mama mkwe hakuwa na miwani. "Imeandikwaje hiyo?"

Wifi yangu Pendo, ambaye hajanipenda hata siku moja, akasoma. Kwa sauti. (Hata alama ya kuuliza aliisoma.)

"Makumbusho ndiyo nani?" akauliza mama mkwe.

Kabla sijapata uongo wa kusema, ya pili ikashuka: "Na wali wa mama mkwe leo umeiva, au mnatafuna mchele tena?"

Hiyo Pendo aliisoma mara mbili.

Nikaivamia simu, nikabonyeza kila kitu. Wapi! Mtandao ukagoma hapohapo. Punda kaganda mdomo wazi, wali wa mama mkwe juu ya kichwa chake. Rimoti alikuwa nayo baba mkwe. Hakuzima. Alivaa miwani, akasoma mwenyewe polepole mpaka mwisho, kisha akaiweka DVD yake kwenye deki. Ikacheza bila kukwama hata mara moja.

"Kaa, mama," akaniambia. "Makumbusho leo hayana kiingilio."

Mama mkwe akasema kitu kwa Kinyaturu. Ukoo mzima ukaangua kicheko, Elisha akiwemo. Mimi ni Mgogo wa Manyoni. Sikuomba tafsiri.

Nawaandikia nikiwa jikoni, nasugua sufuria ambayo imetakata tangu saa nane. Mwenye kucheka acheke hukohuko aliko. Meseji asinitumie.