Mzazi Mpendwa, Hujalipa

Jumatatu, 4 Machi

Asubuhi mbaya. Simu imelia nikiwa nimejaza misumari mdomoni, nawamba kitambaa kwenye kochi la mwalimu mkuu. Nilidhani ni mteja. Wapi! Ni Mfuko wa Matunzo ya Watoto. "Mzazi mpendwa, hujalipa." Mpendwa! Na nani? Ujumbe ukaendelea kwamba nisipolipa malimbikizo yote kufikia tarehe 13, afisa atakuja kuchukua cherehani yangu kubwa, ile ya kushonea ngozi. Bila cherehani hiyo mimi si fundi makochi tena. Ni mtu mwenye mkasi.

Niandike ukweli humu, maana humu hasomi mtu. Sikatai kulea. Kinachoniudhi ni utaratibu. Zamani, tulipoachana mimi na Mama Mtoto, nilikuwa napeleka mwenyewe. Nikijisikia. Nafika mchana majirani wakiwa nje, natoa noti moja moja, nahesabu kwa sauti. Watu wanasema, naam, huyo ndiye baba. Siku hizi nalipa serikalini, serikali inamtumia yeye kwenye simu, kimya kimya, kana kwamba zimedondoka kutoka mawinguni. Baba gani asiyeonekana akitoa? Ndiyo maana niliacha kulipa. Ni msimamo.

Jioni Mama Mtoto akapiga. Sauti ya upole, dalili mbaya hiyo. Akasema binti yetu anahitaji miwani. Mwalimu amemhamishia dawati la mbele kabisa na bado ananakili kwa mwenzake, haoni ubaoni. Nikamwambia mtoto wa miaka kumi na moja hana haja ya miwani, ana haja ya kula karoti. Akakata simu.

Msumari, seremala wa kibanda cha jirani, alisikia yote. Naye ana mtoto kwingine, ila yeye hulipa kabla ya tarehe. Akanionyesha ujumbe wake bila kuombwa. "Mzazi mpendwa, asante." Anautunza kama picha ya harusi. Mnafiki mkubwa!

Jumanne, 5 Machi

Nimekwenda ofisi ya Mfuko. Jengo lina madirisha mengi, viti vichache. Dirisha la Nne ni la wanaolipa, foleni fupi, nyuso zimenuna. Dirisha la Tano ni la wanaopokea, foleni ndefu, wanawake wanacheka na kupeana namba za simu. Nikajiuliza kwa nini mimi niko upande wa huzuni.

Karani wa Dirisha la Nne ni mama mmoja mwenye sauti ya kunong'ona, unalazimika kuinama kama unaungama. Nikamweleza kwamba nilishamtengenezea Mama Mtoto kochi la watu watatu, mbao ngumu, sponji ya daraja la kwanza, na naomba lihesabiwe kama malipo. Akauliza nilimpa lini. Nikasema mwaka tuliooana. Akauliza mtoto alikuwa na umri gani. Nikasema alikuwa bado hajazaliwa. Akaniuliza taratibu kama mtoto amekula sehemu yoyote ya kochi hilo. Nyuma yangu watu wakaangua kicheko. Mtu mzima hajibu maswali ya kitoto.

Lakini kabla sijaondoka aliropoka siri kubwa bila kujua. Alisema Mfuko humlipa mzazi anayekaa na mtoto, awe nani. Awe nani! Yaani mtoto akihamia kwangu, mimi nahamia Dirisha la Tano! Mama Mtoto ana kazi nzuri pale kwenye duka la dawa. Anilipe yeye! Njia nzima ya kurudi nilikuwa napiga mluzi.

Alhamisi, 7 Machi

Binti amefika. Nilimwomba Mama Mtoto nikae naye, nikasema damu inaniita. Nilitegemea vita. Akakubali kabla sijamaliza sentensi, na begi lilikuwa limeshafungwa. Hapo ndipo nilipopaswa kushtuka.

Mtoto huyu anakula! Nilidhani watoto wa kike wanadonoa. Mayai ya wiki nzima yamekwisha leo. Anahitaji nauli ya shule, madaftari, viatu vya michezo maana vile vingine vimembana. Nilipomuuliza mama yake hununua vyote hivi kwa pesa gani, akanitazama, au tuseme alitazama mahali karibu na sikio langu, akasema hajui, labda za Baba.

Nimeona haya kidogo. Ikapita.

Jumamosi, 9 Machi

Asubuhi binti alinitengenezea chai, kwa heshima zote, akanipa kwa mikono miwili. Nikanywa funda moja, nikairusha mpaka ukutani. Chumvi! Nikapandisha sauti kwamba ametumwa na mama yake kuja kuniua. Akaanza kulia. Makopo yangu yanafanana, nimeandika majina ubavuni, akasema haoni maandishi, alionja kwa kidole lakini kumbe kidole chenyewe kilikuwa na jamu. Kisha nikamwona anavyosoma. Kitabu kiko puani. Anakinusa ukurasa kwa ukurasa.

Roho iliniuma, sifichi. Nikaapa kwamba malipo yangu ya kwanza ya Dirisha la Tano yatakuwa ya miwani yake.

Nikapiga simu kwenye Mfuko kuuliza nitaanza kupokea lini. Nikaambiwa mtoto akae kwangu muhula mzima, shule ithibitishe, na jirani atoe ushahidi wa maandishi. Muhula mzima! Kwa kula huku? Nikamwendea Msumari kwa unyenyekevu, nikamwomba aandike kwamba mtoto yuko hapa tangu mwaka jana. Akasema yeye ni mzazi mpendwa, hawezi kuchafua jina lake.

Jioni nimemrudisha binti kwa mama yake. Mama Mtoto alikuwa amenawiri, amelala siku mbili mfululizo. Akanishukuru kwa likizo.

Jumatatu, 11 Machi

Zimebaki siku za kuhesabu kwa vidole, na cherehani inanitazama. Lakini kichwa hiki hakikuumbwa kufugia nywele tu. Nimewaza: afisa hawezi kuchukua kwangu kitu kisicho changu. Basi karakana isiwe yangu!

Niiandikishe kwa nani? Msumari, hapana, ataiweka kwenye simu awaonyeshe watu. Kaka yangu, hapana, nilimwazima ngazi na sasa ameijengea ndani ya nyumba. Nikabaki na mtu mmoja tu asiyeweza kunigeuka. Mama yangu mzazi.

Mama ni matroni mstaafu. Miaka yote alisimamia bweni la wasichana, na mpaka leo ukiingia kwake unajikuta unakagua kucha. Nilimweleza kwamba ni mambo ya karatasi tu. Akaniuliza swali moja: kila kitu kitakuwa changu? Nikasema kila kitu, Mama, mpaka sindano. Akauliza mjukuu wake anaendeleaje na macho. Nikasema tutalishughulikia. Akavaa miwani yake, akasoma karatasi zote mstari kwa mstari, akasaini. Leseni ya biashara, risiti ya cherehani, mkataba wa pango. Vyote vya Mama!

Nimerudi nikiwa mwepesi kama mtu aliyetua gunia. Sina kitu duniani. Raha iliyoje!

Jumatano, 13 Machi

Siku kuu! Afisa amekuja kwa pikipiki, kijana nadhifu, kofia ngumu kwapani. Nilimsubiri nikiwa nimevaa shati langu la kupakia rangi, nimekaa chini ingawa viti vipo, maana kazi yenyewe ni viti. Akanyooshea kidole cherehani. Nikasema si yangu, mheshimiwa. Je, mkasi? Si wangu. Karakana? Mimi ni kibarua tu hapa, nikasema kwa sauti ya kukata tamaa, mali yote ni ya bibi mmoja. Nikamwonyesha karatasi.

Nilidhani atakasirika. Alitabasamu, meno yote nje! Akasema afadhali, waajiriwa ndio hawana usumbufu hata kidogo, wanaowatoa jasho ni waliojiajiri. Akauliza mwajiri yuko wapi. Mama akatokea chumba cha nyuma, na sikujua hata saa ngapi alifika. Wakakaa kwenye kochi la mwalimu mkuu, wakazungumza kwa muda mrefu na kwa furaha. Niliona Mama akimwonyesha picha ya mjukuu wake. Afisa akampa karatasi ya kusaini, naye akaisoma mstari kwa mstari.

Pikipiki imeondoka, cherehani imebaki. Nimeshinda! Nimemnunulia Msumari soda ili anisikilize vizuri nikimsimulia. Alinywa yote, akaniuliza kama nimewahi kuwa mwajiriwa wa mtu yeyote hapo awali. Nikasema sijawahi. Akatikisa kichwa, akarudi kupiga randa. Wivu.

Ijumaa, 15 Machi

Siku ya mshahara.

Sikujua kama kuna siku ya mshahara. Mama alifika na kiti chake, akakaa mlangoni, akaniita kwa jina langu la shule. Akanipa noti chache zilizokunjwa. Nikauliza za nini hizi, nauli? Akasema ni mshahara wangu wa wiki baada ya makato. Makato gani! Akanieleza kwa utulivu ule wa matroni. Matunzo ya mtoto, Mfuko umemwagiza mwajiri akate moja kwa moja. Malimbikizo. Halafu kuchelewa kazini. Halafu soda ya juzi, ambayo nilichota kwenye droo ya karakana.

Nikasema Mama, mimi ni mwanao! Nilisema mpaka sauti ikapasuka. Akasema ndiyo, nyumbani mimi ni mwanawe, nipite nikale chakula wakati wowote. Hapa mimi ni fundi, na yule anayehitaji miwani ni mjukuu wake. Nikamwambia anirudishie leseni yangu. Akauliza leseni ipi.

Kisha akatangaza kwamba Msumari atakuwa msimamizi wa zamu ya mchana. Msumari! Seremala! Mtu asiyejua tofauti ya velveti na taulo! Alikuwa ameshavaa koti.

Saa hiyohiyo simu ikalia. "Mzazi mpendwa, asante kwa kulipa." Nimekaa na simu mkononi nisijue nicheke au niipige chini. Nilitamani kumwonyesha mtu. Hakukuwa na mtu isipokuwa msimamizi wangu.

Jumanne, 19 Machi

Binti alipita karakanani akitoka shule. Amevaa miwani! Fremu nyekundu, kubwa, inamfanya aonekane kama hakimu mdogo. Alisimama mlangoni akatazama kila kitu, dari, misumari, vumbi. Akasema hakujua kwamba kuta zangu ni za kijani. Akasoma kwa sauti kalenda iliyoko ukuta wa mwisho, tarehe zote, anacheka peke yake. Akasogelea kochi la mwalimu mkuu, akauliza kwa adabu kama mshono umekusudiwa kupinda. Msumari akaondoka haraka akidai anakwenda kukohoa.

Halafu akanigeukia mimi. Akanitazama sana. Akasema leo amenitambua tangu barabarani, kabla sijasema kitu. Nikamuuliza zamani alikuwa ananitambuaje. Akasema kwa sauti, maana kila akija alinikuta nagombana na mtu.

Niliingia chumba cha nyuma kutafuta uzi. Nilikaa humo kitambo. Mama alichungulia, akauliza kama nalia. Nikasema ni vumbi la sponji. Hakunikata kitu kwa muda huo, namshukuru.

Alhamisi, 21 Machi

Nimeamka mtu mpya. Tangu juzi nilikuwa natafakari, na sasa nimeelewa. Nimeelewa kabisa! Nilikuwa naupiga vita Mfuko bure. Mfuko ni kitu kizuri. Unamwendea mzazi mwenye mali, unamtazama mtoto wake asiye na kitu, unasawazisha. Kuna ubaya gani hapo? Binti yangu ameona ubao. Haki imetendeka.

Sasa tuulizane. Hapa kwetu, mzazi mwenye mali ni nani? Mwenye karakana, cherehani, leseni na droo? Na mtoto wake asiye na kitu, ambaye hata soda anakatwa, ni nani?

Nimekwenda Dirisha la Tano na cheti changu cha kuzaliwa. Hatimaye! Wanawake wa foleni walinipisha kwa heshima, wakidhani nimemletea mtu kitu. Karani alisoma cheti, akanitazama, akasoma tena. Akamwita yule mwenzake mnong'onaji wa Dirisha la Nne, naye akaja na mwingine. Wakauliza umri wangu. Nikasema arobaini na mmoja, lakini sikumbuki siku yoyote niliyoandikiwa barua kwamba nimeacha kuwa mtoto wa mama yangu. Walishikana mabega, mmoja akafuta machozi. Nadhani niliwagusa. Mwishowe wakasema suala zito kama hili ni la mkuu wao, na mkuu hupatikana Jumatatu tu.

Jumatatu nitakuwa wa kwanza mlangoni. Nimeshamwomba Mama ruhusa ya kutoka kazini, nikasema nina shughuli ya kifamilia. Amekubali, ila siku hiyo hanilipi. Nikamwomba na nauli. Amenikopesha, akasema atakata Ijumaa. Akate tu. Nitamrudishia yote, mpaka senti ya mwisho, kwenye malipo ya kwanza atakayonilipa.