Mke Wangu wa Kwenye Filamu

Jumatatu, 9 Juni 2025
Filamu imefika Nkwenda! Tangu ujana niko jukwaani, Yuda wa kila Pasaka ukumbini kwetu, na sasa kamera. Nafasi yangu: mtu anayepita na baiskeli ya ndizi. Mara moja. Kwa mbali. Mume mkorofi anayegombana na mkewe mezani kapewa Elpidius. Elpidius! Mimi ndiye niliyemfundisha kulia jukwaani.

Jumanne, 10 Juni
Allen, mwongozaji, binti wa Muleba mwenye adabu zake, analalamika hajapata bibi wa kuigiza mke. Akili ikawaka. Nikampendekeza mama mkwe wangu, Placidia wa Songambele. Mdomo wake uliwahi kumhamisha jirani. Elpidius hatamudu. Na mume akikimbia, nani anayajua maneno yote? Nimeyakariri, migomba yangu ni shahidi.

Jumatano, 11 Juni
Imekwenda kuliko nilivyopanga. Nilichungulia kutoka migombani, maana mkwe hasogelewi. Elpidius kaonja matoke kabla ya kukaribishwa. Mama mkwe akamuuliza kama alilelewa au aliokotwa sokoni. Akahamia kwenye shati lake, kwamba limetafunwa na ng'ombe. Elpidius kapanda bodaboda, kaondoka. Allen akanijia: "Baba Nestory, mume sasa ni wewe."
Nimeimba njia nzima. Nyumbani nikamwambia mke wangu, Vero. Akaacha kumenya ndizi.
"Mume wa nani?"
Nikachukua kisu, nikaendelea kumenya mimi.

Alhamisi, 12 Juni
Vero kasema nikila meza moja na mama yake, nikalale na baiskeli. Kweli, kwetu mama mkwe hatazamwi usoni, sembuse kugombezwa. Lakini kamera! Nikaenda. Mpango: kuigiza bila kumtazama.
Aliponiona akajifunika khanga, akageukia ukuta. Mimi nikageukia mlango. Migongo miwili, sahani katikati. Ukorofi wote nikamtolea kuku aliyesimama mlangoni, kwa sauti ya kufika viti vya nyuma. Allen akauliza kulikoni. Nikasema ndio mtindo wangu.
Ndani ya khanga sauti ikasema: "Allen, mwambie mume wa binti yangu ameigiza vizuri. Sasa aende nyumbani."
Nikaenda.

Ijumaa, 13 Juni
Elpidius karudi na kahawa ya kutafuna, ya kuombea radhi. Ikapokewa! Wamegombana mezani mpaka mpiga picha kacheka. Mimi nimepita na baiskeli. Tumerudia na kurudia, eti naiangalia kamera. Vero kanipakulia chakula. Salamu hakuna.

Jumapili, 15 Juni
Allen kanisimamisha nje ya kanisa. Kuna filamu nyingine, kule Rugera. Mume ni Elpidius tena! Anatafutwa mke mwenye mdomo mkali zaidi.
Yupo. Kokubanza, shangazi yake Vero. Hata mama mkwe humwogopa. Elpidius hafiki chakula cha mchana.
Namba ya shangazi nimeshampa Allen. Maneno ya mume nimeanza kuyakariri.